Bibi Yangu Alivyohamishiwa Lubumbashi

Binti yake Modeste alinipigia simu Jumanne, mie nimebana pini midomoni namkunjia mteja pindo la gauni. Kiswahili cha kusema hana, amezaliwa hapa hapa Johannesburg, anakisikia tu. Akaanza na "Shikamoo, Auntie" iliyopinda, kisha akahamia Kiingereza. Akanieleza kwamba baba yake ametutoka, kwamba wameshazika, na kwamba Jumamosi asubuhi kutakuwa na ibada ya kumkumbuka katika ukumbi wa kanisa kule Kensington. Watakuja maprofesa wenzake na wanafunzi wake. Wangependa mtu asome kwa Kiswahili ile aya yake maarufu, na katika familia hakuna anayeweza kuitamka ikatamkika. Baba, akasema, siku zote alisema Kiswahili cha Auntie wa Yeoville ndicho chenyewe. Nikatoa pini midomoni, moja moja, nikazichomeka kwenye kimto cha pini. Nikamwambia anitumie hiyo aya niione.

Ikaja kwenye simu. "Bibi yangu alikuwa akisema: afadhali asiyekuwepo kuliko aliyepo na hayumo. Mtu huanza kwa kuwemo. Yumo kazini, yumo katika watu na maneno ya watu, wala hajioni. Siku sindano inapokatika ndipo anapojikuta yupo. Na tangu siku hiyo anajua kwamba ipo siku ataulizwa, na jibu litakuwa: yuko, wala hapana atakayejua wapi." Chini yake jina la Modeste, na cheo chake. Miwani yangu ilikuwa mezani, sikuivaa. Ningeweza kuisoma aya ile nimefumba macho, kwa sababu niliiandika mie, kwa kalamu ya wino wa bluu, kwenye daftari la kurasa tisini na sita, na bibi anayetajwa pale ni bibi yangu mzaa mama, aliyezaliwa Tanga akafia Tanga, na Lubumbashi hata kwenye ramani hakuwahi kuiona.

Watu husema sisi wa Tanga ni wapole. Si kweli. Sisi tunanyamaza, na kunyamaza si kusamehe. Nimenyamaza miaka ishirini na kitu. Aya ile nimeikuta katika vitabu vya watu, na siku moja mwanafunzi aliniletea mkoba wa kitambaa nimtilie zipu, nikakuta imechapwa ubavuni, Kiswahili juu na Kiingereza chini. Nikamtilia zipu yake. Mteja ni mteja. Lakini sasa mwenyewe ameondoka, na wanataka niende nikaisome mbele za watu kama yake. Basi na nieleze mwaka wenyewe ulivyokuwa, na atakayesema namsema marehemu, na aseme.

Nilikuwa na miaka ishirini na minne, nashona katika nyumba ya Mama Bea huko Yeoville. Mama Bea alikuwa mwanamke wa Lubumbashi, mnene, mcheshi, fundi hasa wa magauni ya kanisani. Nyumba ilikuwa kubwa na kuukuu, ya enzi za watu wengine. Chumba cha mbele chenye dirisha la barabarani ndicho kilikuwa kiwanda chetu: vyerehani vitatu, meza ya kukatia, pasi, na maburungutu ya vitenge hadi darini. Nyuma ya chumba hicho palikuwa na varanda iliyozibwa kwa mbao, na pazia la kitenge likiitenga na sisi. Huko ndiko alikolala Modeste. Usiku alikuwa mlinzi wa karakana kule Jeppestown, asubuhi anarudi na koti lake zito, analala mpaka saa sita, kisha anaamka, anachemsha chai, anatoa vitabu. Alikuwa anasomea udaktari wa falsafa. Mie nilipoambiwa daktari nilimwonyesha kidole changu kilichochomwa na sindano; alicheka mpaka akaketi chini. Hivyo ndivyo tulivyojuana.

Nyumba nzima waliniita Tanga. Modeste, kwa heshima, aliniita Dada Tanga. Yeye mwenyewe alikuwa mtu wa Lubumbashi kama Mama Bea, amefundishwa na mapadri, Kifaransa chake kimenyooka, Kijerumani anakisoma kwa kujikokota, na Kiswahili chake ndicho kile chao ambacho mwanzoni kilinichekesha na baadaye nikakipenda. Kwao mtu akiwa hapa, "eko". Akiwa mbali, "eko". Akiwa ndani ya nyumba, "eko mu nyumba". Neno moja, wamemaliza. Nami nilimtania kwamba kwao ni wavivu wa viambishi, naye akasema sisi tumezidi maringo, tunavaa nguo tatu kwenda dukani.

Kazi yake yote ilikuwa juu ya mwanafalsafa mmoja Mjerumani wa karne iliyopita. Jina lake lilikuwa likinitatiza, nikawa namwita Mjerumani wetu, naye Modeste akalizoea. Huyo Mjerumani alikuwa ameuliza swali moja maisha yake yote: kuwa ni nini? Si kuwa mrefu, si kuwa tajiri, kuwa, basi. Na kwa huyu kiumbe anayeitwa mtu alichagua neno la kwao la kawaida ambalo, ukilipasua katikati, linasema "kuwa-hapo". Wanazuoni wamegombana juu ya neno hilo tangu siku hiyo. Modeste alinieleza akiwa amekaa juu ya burungutu la kitenge, kikombe mkononi, mie nakanyaga cherehani. Wafaransa, akasema, wamelisoma neno hili kama habari za mtu mmoja aliyesimama peke yake mbele ya kifo chake, ajitambue, achague. Wamarekani wakalisoma kama habari za fundi aliyezama kazini, ana nyundo mkononi na wala haioni nyundo. Na mapadri wake yeye wakalisoma kama habari za kitu kilichofichika, kilicho mbali, ambacho mtu anakiitikia bila kukiona. Kila kundi lina vitabu vyake, lina mikutano yake, na hawaamkiani.

Nikamwambia kuhusu nyundo sijui, lakini sindano naijua. Kutwa nashona na siioni. Nikiwa na haraka ya harusi hata mkono wangu siuoni, hata mie mwenyewe sipo. Ikikatika, tak, ndipo naiona sindano, na naona mkono, na chumba, na nakumbuka kumbe nina njaa. Modeste akaweka kikombe chini. Akaniuliza kama niliwahi kuisoma sehemu hiyo. Niisome wapi? Nilikuwa na kidato cha sita changu na cheti kilichobaki sandukuni Tanga. Nilitamani chuo kikuu kwa namna ambayo watu wengine hutamani chakula, na nilikuwa nimeshajifunza kutokitaja.

Siku yenyewe ninayoikumbuka ilikuwa ya baridi, mwezi wa sita, hita imewashwa na inanuka. Mama Bea alikuwa ametoka tangu asubuhi, hakuaga. Akabisha hodi bwana mmoja wa Kizanzibari aliyekuwa akituletea nyuzi na zipu, akauliza, "Mama Bea yupo?" Nikamjibu, bila kuinua kichwa, "Yuko." Akasema haya, atapita kesho, akaenda zake. Modeste, aliyekuwa akisoma, akaufunga mlango, akarudi amekunja uso.

"Dada Tanga," akasema, "umesema eko. Sasa juu ya nini ameenda?" Kwao "juu ya nini" ni kwa nini.

Nikacheka. Nikamwambia sikusema yupo, nimesema yuko. Yupo ni hapa, penye mguu wake, ningemwita angeitika. Yuko ni huko, mzima wa afya, lakini wapi ndiyo sijui. Na yumo ni ndani: yumo chumbani, yumo katika shughuli, yumo katika lile fungu la watu. Mtu anaweza kuwepo na asiwemo. Bibi yangu alikuwa na binamu yake wa hivyo, anakuja msibani anakaa mkekani kutwa, hachoti maji, hashiki kisu. Bibi akawa anasema afadhali asiyekuwepo kuliko aliyepo na hayumo. Nilisema hivyo hivyo kama mtu anavyosimulia mambo ya kwao, huku natia uzi kwenye tundu. Nilipoinua macho Modeste alikuwa amesimama pale pale.

Hapo sasa ndipo akili yangu mwenyewe ilipofanya jambo ambalo mpaka leo nalionea fahari, na nasema wazi kwa kuwa hakuna mwingine atakayelisema. Nilimwambia: basi hao wataalamu wako wanagombania nini? Neno la Mjerumani linasema "hapo" na halisemi hapo gani. Wafaransa wameshika yupo. Wamarekani wameshika yumo. Mapadri wako wameshika yuko. Kila mmoja ana kipande chake na anamwambia mwenzake mwongo. Lugha yao ina neno moja, kama yenu; ingekuwa na matatu, wasingepigana, wangepanga tu lipi linatangulia. Na kwa maoni yangu inatangulia yumo, kwa sababu hakuna aliyezaliwa akiwa peke yake. Modeste akakaa kitako sakafuni. Akasema kwa sauti ndogo kwamba amesoma miaka saba na hilo hajaliona popote.

Akanitaka niliandike. Niandike kwa Kiswahili changu, vile vile ninavyosema, yeye atafasiri. Akanunua daftari akaliweka juu ya cherehani changu. Niliandika alfajiri, kabla ya wateja. Niliandika wakati wa mapumziko. Nikatia mle "tupo tupo tu" tunayojibiana tukiulizwa hali, nikaeleza kwamba huo ndio uvivu wa kuishi ambao Mjerumani wetu anaulaumu, mtu kwenda na watu bila kujiuliza. Nikatia "lisemwalo lipo, kama halipo laja". Nikatia sindano. Zilikuja kurasa kumi na moja. Modeste akazisoma mchana mmoja bila kunywa chai yake, kisha akasema tutaziwasilisha pamoja kwenye mkutano wa wanazuoni chuoni kwake mwezi wa kumi, majina mawili, lake na langu. Msimamizi wake, mama mmoja mzungu mrefu, alikuwa ameshaambiwa habari zangu na alituma salamu: mtu akiwa na andishi lililosomwa mbele za watu kwa jina lake, yeye atampigania aingie chuoni hata kama cheti kiko mbali. Nililala siku tatu sipati usingizi kwa furaha. Jina langu kwenye karatasi moja, na mlango ungefunguka. Hicho tu ndicho nilichokuwa nakitaka katika nchi hii.

Mama Bea hakupenda. Tulikuwa tukila pamoja Jumapili, akitoka kanisani: bukari, ndio ugali wa kwao, na sombe, yaani kisamvu, nami naongeza nazi ya kopo ambayo si nazi bali ndiyo iliyopo. Siku moja nimo jikoni nasuuza sahani nikamsikia akimwambia Modeste kwa sauti ya chini kwamba yule mtoto wa watu asimchezee. Modeste akaapa. Mama Bea akasema hasemi habari za mwili, habari za mwili angezijua; anasema habari za daftari. Nilikasirika. Nikaona ananionea wivu, mie ninayekwenda kuwa msomi na yeye atabaki na magauni ya kwaya. Mungu anisamehe, nilimnunia wiki nzima.

Jumapili nyingine tuligombana kuhusu Mjerumani mwenyewe. Modeste alikuwa ametueleza, kwa shida, kwamba yule bwana katika zama zake alijiunga na chama cha waovu, wale waliochinja watu kwa asili yao, na kwamba wanazuoni wamegawanyika: wako wasemao mtu ni mwingine na fikra zake ni nyingine, na wako wasemao uoza ulikuwamo kwenye fikra tangu mwanzo. Mama Bea akasema yeye chakula cha mchawi hali, hata kiwe kitamu. Modeste akatetea kwa bidii mno. Akasema ukweli ukishasemwa si wa aliyeusema tena, ni wa wote. Mie nikakubaliana naye. Nilidhani tunazungumza habari za Mjerumani.

Siku ya mkutano nilivaa gauni nililojishonea, kijani kibichi, mikono mirefu, na ushungi wake. Mama Bea alinisindikiza. Tulikuwa tumepatana, naye alitaka kuona. Ukumbi ulikuwa na viti vya kukunja na harufu ya kahawa. Mlangoni tulipewa karatasi ya ratiba. Nikapitisha kidole mpaka saa nne na nusu. Jina la Modeste lilikuwepo. Nikageuza karatasi nikaangalia nyuma, kama vile jina langu lingekuwa limedondokea upande wa pili. Nikajiambia ni makosa ya mchapaji. Naapa, hata hapo nilimtetea.

Akasoma kwa Kiingereza, vizuri, amevaa koti la kuazima. Kila kitu kilikuwemo: makundi matatu, viambishi vitatu, sindano. Kisha akasema kwamba fikra hii hakuitoa vitabuni. Aliipata kwa mwanamke mzee asiyejua kusoma wala kuandika, nyumbani kwao Lubumbashi, na maneno yake atayasoma kwa lugha yake. Akasoma: "Bibi yangu alikuwa akisema: afadhali asiyekuwepo..."

Mama Bea akanigusa kiwiko. "Bibi yake?" akaninong'oneza. "Modeste ameoa lini?"

Kwa sababu kwao, na hili wasomaji wangu wa pwani pengine hawalijui, bibi ni mke. Mama wa mama yako ni nkambo. Modeste katika maisha yake hajawahi kumwita nkambo wake bibi, na nkambo wake hajawahi kusema yumo. Angesema eko, kama wanavyosema wote, na yangeishia hapo. Alikuwa amenakili hata neno ambalo kinywani mwake lina maana nyingine. Amenichukulia bibi yangu mzimamzima, na ukumbi ule wote, watu waliosoma lugha tano, hakuna aliyejua ila mie na fundi wa magauni ya kwaya. Wengine walikuwa wakipangusa macho. Walipenda sana kwamba hakujua kusoma. Bibi yangu alisoma, tena kwa herufi za Kiarabu na za Kizungu.

Ukafika wakati wa maswali. Nikanyoosha mkono. Nikasimama. Kiingereza nilikuwa nacho, lakini kilinikimbia, nikauliza kwa Kiswahili, polepole, ili asikose hata herufi.

"Kaka Modeste, kwenu bibi ni nani?"

Akaniangalia. Ukumbi umetulia, wanatabasamu, wanaona Afrika inazungumza na Afrika. Akajibu, "Ni mke, Dada Tanga. Tafazali."

Mwenyekiti akamwomba atufasirie. Na hapa alikuwa na nafasi yake. Mungu alimpa nafasi, mbele ya watu wote, mchana. Akasema kwa Kiingereza: dada anasema kwamba bibi yangu ni bibi yake pia, kwa kuwa kwetu nyanya ni wa wote. Wakapiga makofi. Walinipigia mie makofi, wakigeuka vitini kunitazama na gauni langu la kijani. Mama Bea akanishika mkono akaniketisha.

Wakati wa chai msimamizi wake alikuja kuniamkia. Modeste akanitambulisha kuwa ni dada anayemshonea nguo. Yule mama akasema ni bahati kuwa na dada wa hivyo. Alikuwepo na mwingine, akasema, mwanamke mmoja wa Tanga mwenye akili sana, inasikitisha kwamba amerudi kwao kabla ya kumaliza. Nimesimama mbele yake na kikombe, nipo, na yeye ameambiwa niko. Nilimtazama Modeste. Na Modeste akanitazama kwa macho ya mtu anayejua hasa nitakachofanya, nami nikafanya hicho hicho: nilikunywa chai yangu. Kibali chake cha kukaa kilikuwa kinakwisha Desemba. Bila shahada angerudishwa kulikokuwa na vita, na alijua kwamba nalijua hilo. Hapo ndipo penye donge langu. Kuniibia aliniibia, wezi wapo. Lakini aliiba akitegemea wema wangu, akaupigia hesabu, na hesabu ikatoka sawa.

Kesho yake alinieleza, amekaa kwenye lile burungutu lake. Hakukana. Alisema msimamizi baadaye aliona majina mawili yangeitia doa tasnifu yake, kazi ya udaktari haina washirika. Alisema alijaribu kuandika "fundi mmoja wa Yeoville" na sentensi ikaonekana nyepesi. "Hawa watu wanataka nkambo, Dada Tanga," akasema. "Fundi mwenye daftari hawamtaki." Nikamwambia pengine ni kweli. Nikamuuliza mbona hakuniuliza. Akasema aliogopa nitakataa. Nikamwambia kwa hiyo ulijua. Nikamtaka daftari langu, akasema liko. Sikumuuliza wapi. Mama Bea alizima cherehani chake akamwambia ahame, na kabla ya wiki kwisha akawa amehama. Baadaye nilisikia amepata shahada, kisha kazi, kisha nyumba Kensington, na mke, bibi wa kweli wa Lubumbashi.

Mie chuo sikwenda. Watu huniuliza kwa nini sikuandika jingine. Nilijaribu. Nilikaa na daftari jipya alfajiri, na kila sentensi iliyokuja niliitazama nikiwaza nani ataichukua. Hivyo sindano zikawa sindano tu. Nimeshona, nimelea, nina duka langu, sijalala njaa. Lakini siwezi kusema sikuonewa. Nilionewa, na aliyenionea nilikuwa namwita kaka.

Jumamosi nilikwenda Kensington, mapema, ukumbi bado unapangwa viti. Nilikuwa nimeamua kutosoma, ila nitamwambia yule binti usoni, si kwenye simu. Nikamkuta kwenye meza ya mlangoni na rundo la programu zilizochapwa, picha ya baba yake mbele, na nyuma ile aya yenye jina lake. Nikamwambia kwa Kiingereza changu chote. Nikamwambia aya hii niliiandika mie, bibi huyu ni wangu. Nilitegemea alie, au anifukuze. Akainamisha macho.

"I know, Auntie," akasema, na mengine nawafasiria. "Tunajua sote. Alitusimulia nikiwa mdogo. Ile story ya fundi."

Kumbe. Mezani kwao, miaka yote, kwenye wali wao wa Jumapili, walikuwa wakinisimulia. Mkewe anajua, watoto wanajua. Nilikuwa nimejiandaa kwa watu wasiojua. Kwa watu wanaojua na wakachapa hivi hivi, sikuwa nimejiandaa. Nikauliza mbona basi jina lake peke yake. Akasema, eish, Auntie, tulidhani unajua kwamba tunajua. Akasema programu zimeshatoka.

Nikavuta kiti. Nikatoa kalamu kwenye mkoba, nikachukua programu ya juu kabisa, nikakata jina la Modeste chini ya ile aya, mstari mmoja ulionyooka, ninajua kunyoosha mstari, nikaandika langu. Nikaiweka kando nikachukua ya pili. Watu walikuwa wameanza kuingia, maprofesa na mvi zao, na yule binti amesimama hajui anizuie au la. Nilikuwa kwenye ya saba au ya nane alipoketi kando yangu, akatafuta kalamu, akavuta fungu la programu upande wake. Akakata la kwanza. Kisha akabaki ameishika kalamu hewani, uso umemwiva.

"Auntie," akasema, "jina lako nani?"

Hadithi walikuwa nayo miaka yote. Jina hakuwahi kuwapa. Nikamtajia, herufi kwa herufi, naye akaandika: Mwanaidi binti Mbwana.